Yangetokea au yangalitokea?

Msomaji mmoja kaniletea swali refu, nalifupisha. Anaandika hadithi ya kisayansi, ndani yake kuna profesa wa kubuni mwenye nadharia ya kubuni, kwamba mambo yaliyowezekana halafu yakashindwa kutokea hayapotei, yanabaki pembeni na yanazidi kuyasukuma haya yanayotokea. Mtu akikosa basi, ile safari aliyoikosa inaendelea kumvuta maisha yake yote. Sasa anauliza: "Mwalimu, profesa aseme mambo ambayo yangetokea au yangalitokea? Na hiyo yangelitokea inaingia wapi? Mhariri wangu kasema zote sawa, niweke nge tu inatosha."

Jibu ni yangalitokea. Swali limeisha, ila na huyo mhariri bado sijamalizana.

"Zote sawa"! Hii zote sawa ndo imetufikisha hapa tulipo. Chukua mfano huu ambao naona kila wiki kwenye simu yangu: shughuli imeisha jana, viti vimesharudishwa, picha watu wamezitazama mpaka wamechoka, afu mtu anakuandikia "ungeniambia ningekuja". Ungeniambia ningekuja! Sasa we bwana, -nge- ni sharti ambalo bado linawezekana, maana yake hujaniambia lakini nafasi ipo, niambie basi nije. Mimi mtu akiniandikia hivyo namjibu "haya nakuambia, njoo", anacheka, anadhani namtania, kumbe najibu kile kile alichoandika. Alichotaka kusema ni "ungaliniambia ningalikuja", yaani hukuniambia, sikuja, yamekwisha, na hata ukiniambia leo haisaidii kitu. Ni silabi moja tu ya ziada, na ukimuuliza anakwambia ndefu mno kuandika, mtu huyo huyo anayeandika hahahahaha yenye silabi tano bila kulalamika.

Najua, najua. Kwenye mazungumzo -nge- imeshaimeza -ngali- karibu yote, na mtu akisema "jana ungekuja ungemkuta" hakuna atakayepotea, neno jana limebeba mzigo wa wakati. Hiyo naivumilia, siwezi kugombana na kila mtu. Lakini kwenye maandishi, tena maandishi ambayo habari yake nzima ni mambo yaliyokufa kabla ya kuzaliwa, kuitupa -ngali- ni kuitupa hadithi yenyewe. Yangetokea bado yanaweza kutokea, hayo hayahitaji profesa.

Kuhusu -ngeli-, hiyo ni pacha wa -ngali-, wapo wanaoitumia tangu utotoni na hawajakosea. Chagua moja ushikamane nayo, usianze na ungeli ukamalizia na ningali kama vile umebadilishana kalamu na jirani.

Asili ya -ngali- tuipitie haraka. Kuna -nga- ndani yake, ile ile unayoiona kwenye ingawa, na kuna -li ya kuwa. Ndo maana -ngali ikisimama peke yake ina maana ya bado: angali mdogo, ningali hai. Na hapa msomaji wangu una bahati kubwa, sijui kama umeiona, kwa sababu profesa wako anaweza kusimama mbele ya wanafunzi akasema "mambo yangalitokea yangali pamoja nasi" na nadharia nzima imeshakwisha elezwa. Ya kwanza yalishindwa kutokea, ya pili bado yapo. Mwambie mhariri aiandike hiyo kwa nge nione.

Tena nadharia yako sio ya kichaa kama unavyodhani. Mwaka 1993 wanafizikia Elitzur na Vaidman walipendekeza jaribio hili: una bomu ambalo fotoni moja tu, yaani chembe moja ya mwanga, ikiligusa linalipuka, ila mabomu mengine ni mabovu, fotoni inapita tu kama hakuna kitu, na unataka kulijua zima bila kulilipua. Unapitisha fotoni moja kwenye chombo kinachoigawia njia mbili kisha kinaziunganisha tena, bomu unaliweka kwenye njia moja. Bomu likiwa bovu, fotoni hutokea upande mmoja tu siku zote, kihisi cha kunasa fotoni upande wa pili hakipati kitu. Likiwa zima, nusu ya mara linalipuka, lakini robo ya mara kile kihisi kilichokuwa kimya kinaamka, na hapo unajua bomu ni zima na halijaguswa. Kilichokupa habari ni mlipuko ambao haukutokea! Baadaye wamelifanya maabara kweli, bila bomu lakini. Maana yake ni nini wanabishana wenyewe, mi nashughulika na sentensi: "Fotoni ingalipita njia ile, bomu lingalilipuka." Sasa iandike kwa ushauri wa mhariri, "fotoni ingepita njia ile, bomu lingelipuka", na mimi kama msomaji natoka mbio maabara, manake bado linaweza kulipuka.

Kuna jambo moja watu watakusumbua nalo. Tulifundishwa -ngali- ijibiwe na -ngali-, -nge- na -nge-, ukichanganya unapigwa mstari mwekundu. Mi kwa profesa wako nitaruhusu, kwa sababu nadharia yake inavuka kutoka jana kuja leo: "Ungalipanda basi lile, sasa hivi ungekuwa mtu mwingine." Sharti limefungwa, tokeo ni la sasa, sababu ipo. Kinyume chake, "ungekuja ningalikupa", hapana, hiyo haina sababu ni uvivu tu.

Ila ulichoniandikia kwenye mfano wako, "kama ingekuwa angepanda basi angekuwa tajiri", hicho sikisamehe. "Kama" ni sharti, "ingekuwa" ni sharti, "angepanda" ni sharti, masharti matatu kwa nauli ya mtu mmoja. Hiyo "ingekuwa" ya kuanzia sentensi haina kazi yoyote, imesimama mlangoni inapokea wageni tu. Angalipanda basi lile, angalikuwa tajiri. Maneno matano, na hiyo "kama" wala huihitaji, japo ukiiweka peke yake sitakufukuza.

Ukikanusha, asingalipanda au hangalipanda, zote zinakubalika, mi napenda ya kwanza kwa masikio yangu tu na hapo sigombani na mtu.