Ukucha Ukibadilika Rangi: Maswali Yenu na Majibu Yetu

Swali: Ninapaka rangi nyekundu ya kucha karibu kila wiki. Mwezi huu nimeifuta nikakuta kucha zote za mikono zimekuwa za manjano. Muuza duka la dawa anasema ni fangasi na amenipa vidonge. Nimeze? (Msomaji, Tanga)

Usimeze kwanza, dada. Fangasi kwa kawaida haiingii kucha zote kumi kwa siku moja, tena zikiwa bado laini na zinang'aa. Unachoeleza kinafanana zaidi na doa la rangi yenyewe. Rangi nyekundu, za damu ya mzee na kahawia nzito hupenya tabaka la juu la ukucha, hasa zikikaa zaidi ya wiki bila rangi ya msingi isiyo na rangi chini yake.

Kuna namna ya kuhakikisha ukiwa nyumbani. Chukua tupa ya kucha, sugua taratibu mara tatu nne juu ya sehemu ndogo ya ukucha. Umanjano ukipungua hapo uliposugua, doa limekaa juu. Kisha tazama mpaka wa doa upande wa chini, kule ukucha unakotokea. Doa lililotoka nje hufuata mkunjo wa ngozi, kwa sababu brashi iliishia hapo. Rangi iliyotoka ndani ya mwili hufuata umbo la ule mwezi mweupe ulio kwenye shina la ukucha.

Dawa yake ni subira. Ukucha wa mkono hukua kama milimita 3 kwa mwezi, hivyo baada ya miezi 6 hivi utakuwa na ukucha mpya mzima. Acha rangi kwa muda, paka mafuta ya nazi au vaselini usiku kwa sababu asetoni, dawa ya kufutia rangi, huikausha kucha ikaanza kumenyeka, na ukirudi kupaka, tanguliza rangi ya msingi. Tafadhali usizilowanishe kwenye jiki. Jiki huunguza ngozi inayofunika shina la ukucha, na ngozi hiyo ikishafunguka ndipo maradhi ya kweli yanapopata mlango.

Hina nayo ni vivyo hivyo: ikishika ukucha haifutiki, husukumwa nje ukucha unapokua. Piko ni jambo jingine. Piko nyingi ni dawa ya kutia nywele rangi nyeusi, na ngozi ya kuzunguka ukucha inaweza kuvimba na kutoa malengelenge. Ikikutokea mara moja, usiirudie kabisa, wala usitumie dawa nyeusi ya nywele bila kumwuliza daktari.

Umanjano wa kukutia wasiwasi ni ule unaopata hata kucha za miguu ambazo hazijawahi kupakwa kitu, zikawa nene, zikajikunja, zikaacha kukua, huku una kikohozi cha muda mrefu au miguu inavimba. Hapo kinachotakiwa kupimwa ni kifua.

Swali: Mimi ni mlinzi, navaa buti saa 12 kila siku. Ukucha wa kidole gumba cha mguu umekuwa mnene, wa manjano na kahawia, chini yake kuna unga unga. Nimepaka krimu ya klotrimazoli miezi minne. Nimemeza flukonazoli siku tatu. Hakuna kilichobadilika. (Msomaji, Dar es Salaam)

Ndugu, dalili zako zinafanana sana na fangasi ya ukucha, na matibabu uliyotumia yasingeweza kuiondoa hata kama ingekuwa ndiyo yenyewe. Krimu haipenyi ukucha mnene. Inaishia juu wakati fangasi amekaa chini, kati ya ukucha na nyama. Nazo siku tatu za vidonge ni chache mno. Dawa inatakiwa iwepo muda wote ambao ukucha mpya unaota, na ukucha wa mguu huota polepole, milimita 1 hadi 1.5 kwa mwezi.

Lakini kabla ya dawa, kipimo. Tunalisisitiza hili kwa sababu karibu nusu ya kucha nene zilizobadilika rangi si fangasi. Nyingine ni soriasisi, ugonjwa wa ngozi ambao mara nyingi huacha vishimo vidogo kama vya sindano kwenye kucha za mikono. Nyingine ni kubanwa na kiatu tu, na kwa mvaa buti hilo linawezekana kabisa. Mtu wa namna hiyo akimeza dawa ya fangasi miezi mitatu, ini lake limefanya kazi ya bure.

Sampuli ichukuliwe hivi: acha krimu kwa wiki mbili angalau. Ukucha usafishwe kwa spiriti, ncha iliyooza ikatwe na kutupwa, kisha unga ukwanguliwe chini ya ukucha kadiri inavyowezekana karibu na mpaka wa sehemu nzima. Hapo ndipo fangasi aliye hai alipo. Mafundi wengi wa maabara huchukua ncha, na ncha mara nyingi ina fangasi waliokufa; jibu linakuja kwamba hakuna kitu. Unga hulainishwa kwa potasiamu haidroksaidi na kutazamwa kwa darubini, jibu siku hiyo hiyo. Kuotesha fangasi maabara huchukua wiki tatu hadi nne. Jibu likiwa hasi na ukucha bado unatia shaka, rudia. Kituo cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi pale hospitali ya KCMC, Moshi, kimekuwa kikifundisha matabibu wa ngozi tangu miaka ya 1990, kwa hiyo ulizia kwenye hospitali ya mkoa au wilaya kama yupo aliyesomea ngozi.

Fangasi ikithibitika, dawa ya kwanza kwa mtu mzima mwenye ini zima ni terbinafini, miligramu 250 mara moja kwa siku: wiki 12 kwa ukucha wa mguu, wiki 6 kwa wa mkono. Pima ini kabla ya kuanza. Ukiona mkojo umekuwa kama chai ya rangi, macho ya njano, kichefuchefu kisichoisha, au chakula hakina ladha tena, acha dawa na uende hospitali siku hiyo.

Asiyeweza terbinafini daktari anaweza kumpa itrakonazoli: miligramu 200 asubuhi na 200 jioni kwa siku 7, kupumzika wiki 3, kisha kurudia. Mizunguko mitatu kwa mguu, miwili kwa mkono. Vidonge vyake vya kapsuli humezwa pamoja na chakula, wala usivichanganye na dawa za kupunguza asidi tumboni kwa sababu havitanyonywa. Mwenye ugonjwa wa moyo kushindwa kusukuma damu asiviguse. Flukonazoli uliyomeza inaweza kutumika, ila ni mara moja kwa wiki, miligramu 150 au zaidi, kwa miezi 6 na hata 12. Mwambie daktari kama unatumia dawa za kifua kikuu, kwa sababu rifampisini hushusha nguvu za dawa hizi. Mtajie pia ARV, dawa za kolesteroli na za moyo, kwani baadhi hugongana vibaya na itrakonazoli. Mjamzito angoje ajifungue. Ukucha unaweza kusubiri.

Kama ugonjwa umeshika chini ya nusu ya ukucha na haujafika kwenye shina, ipo dawa ya kupaka kama rangi ya kucha, amorolfini asilimia 5. Kwanza piga tupa ukucha uwe mwembamba, futa kwa spiriti, paka mara moja au mbili kwa wiki, na kwa mguu utahesabu miezi 9 hadi 12. Tupa uliyotumia kwenye ukucha mgonjwa usiipeleke kwenye ukucha mzima.

Wengi hukata tamaa hapa: wiki 12 zinakwisha na ukucha bado mbaya. Ni kawaida. Dawa haisafishi ukucha ulioharibika, inalinda unaoota. Siku ya kuanza dawa, chora kwa tupa mfereji mdogo juu ya ukucha, palepale mpaka wa ubaya na uzima ulipo. Kila mwezi tazama. Mfereji ukisogea kuelekea ncha na nyuma yake pakawa safi, dawa inafanya kazi. Ubaya ukivuka mfereji kurudi shinani, rudi hospitali. Ukucha mzima utauona baada ya miezi 12 hadi 18, na huenda usirudi kuwa mwembamba kama zamani.

Na buti? Ukiweza, pata jozi mbili uzivae kwa kupokezana ili kila moja ikauke siku nzima. Soksi zifuliwe kwa maji ya moto. Tazama katikati ya vidole: kama kuna ngozi nyeupe inayomenyeka na kuwasha, hapo ndipo krimu yako inapofaa, maana fangasi ya vidoleni ndiyo inayopanda ukuchani tena. Mwenye kisukari asijikate ukucha mnene mwenyewe kwa wembe. Kidonda kidogo cha kidoleni kwake ni hatari kubwa.

Swali: Napika na kuosha vyombo kutwa. Ukucha wa kidole cha kati umeachana na nyama, na chini yake pamekuwa kijani. (Mama lishe, Mwanza)

Mama, hao ni bakteria wanaoitwa Pseudomonas. Wanapenda unyevu, na ukijani ni rangi wanayoitoa wenyewe. Waliingia kwa sababu ukucha ulikuwa umeshainuka, ama kwa maji na sabuni, ama kwa kuchokonoa uchafu chini yake kwa njiti. Wenye kucha za bandia hupata vivyo hivyo, maji yakinaswa kati ya gundi na ukucha.

Kata sehemu yote iliyoachana na nyama, hata ukucha ukibaki mfupi sana. Kisha changanya siki nyeupe sehemu 1 na maji sehemu 4, lowanisha kidole dakika 5 hadi 10, asubuhi na jioni, ukaushe vizuri. Daktari anaweza kuongeza matone ya antibaiotiki, kama ya jentamaisini. Vidonge vya fangasi haviwaui hawa. Ukioshea vyombo, vaa glavu za mpira na ndani yake glavu nyepesi za pamba, kwa sababu mpira peke yake hutokwa jasho na unyevu unabaki palepale. Hadi upone, usishike chakula cha wateja kwa kidole kilicho wazi.

Doa la kijani litabaki kwa wiki kadhaa hata bakteria wakishakwisha. Ngozi ya pembeni ikivimba, ikawa nyekundu na kupiga kama moyo, nenda kituo cha afya upasuliwe usaha.

Swali: Nina miaka 54. Kuna mstari mweusi umetokea kwenye ukucha wa kidole gumba, unatoka shinani hadi nchani. Majirani wananiambia nimelogwa, wengine wanasema ni sumu. (Msomaji, Nakuru)

Si moja wala jingine. Kwa sisi wenye ngozi nyeusi, mistari ya kahawia au myeusi kwenye kucha ni kitu cha kawaida sana. Chembe zinazotoa rangi ya ngozi zipo pia kwenye shina la ukucha. Huanza ujanani, huongezeka na umri, na kwa kawaida huonekana kwenye kucha kadhaa. Baadhi ya dawa huileta mistari hiyo pia: zidovudini kwa wanaoishi na VVU, na haidroksiyurea wanayopewa wenye selimundu. Hao wasiache dawa kwa sababu ya kucha.

Ila wako tunataka uonwe mwezi huu huu, kwa sababu ni mmoja, ni mpya, upo kidole gumba na umri wako umepita 50. Saratani ya ngozi iitwayo melanoma, ikimpata mtu mweusi, mara nyingi hujitokeza nyayoni, viganjani au chini ya ukucha. Bob Marley aligunduliwa nayo chini ya ukucha wa kidole cha mguu mwaka 1977, mahali palipodhaniwa kuwa ni jeraha la kucheza mpira. Alifariki Mei 1981 akiwa na miaka 36.

Pima mstari kwa rula. Zaidi ya milimita 3 ni alama mbaya. Nyingine ni mstari kuwa mpana shinani kuliko nchani, weusi kumwagika kwenye ngozi inayozunguka ukucha, ukucha kupasuka au kutoa damu bila kuumizwa. Piga picha rula ikiwa pembeni, umpelekee daktari. Akishuku, atakata kipande kidogo kutoka shinani, si nchani, kikapimwe.

Aliyegongwa na nyundo au kubanwa na mlango ana weusi wa aina nyingine, ni damu. Damu husogea na ukucha: baada ya mwezi utaona ukucha safi umejitokeza nyuma yake. Isiposogea, asikubali kuambiwa ni damu.

Swali: Mwanangu wa miaka 7 ana vidoa vyeupe kwenye kucha. Nimpe kalsiamu? (Mzazi, Zanzibar)

Hapana haja. Vidoa hivyo ni alama za kugonga na kuuma kucha, vitasogea na kukatwa. Mpeleke hospitali kama kucha nzima ni nyeupe au zimepauka, kama zimebonyea katikati kama kijiko, dalili ya upungufu wa chuma, au kama weupe unaanzia shinani na kusambaa. Huo wa mwisho huweza kuwa fangasi ya mtu ambaye kinga yake imeshuka, na daktari ataomba kipimo cha VVU pia.