Kabla ya kumuuza ng'ombe kwa ajili ya CT scan ya kichwa

Mkuu, umesema mdogo wako ana miaka 22, mwezi wa nane sasa anasikia sauti na kucheka peke yake, dawa za kliniki ya akili ameziacha, na ukoo umekaa ukaamua ng'ombe auzwe apigwe CT scan, yaani picha ya ndani ya kichwa, "ionekane ubongo umeharibikia wapi". Njia hiyo nimeipita na kaka yangu, kwetu Mbulu. Nitaandika kirefu, nivumilieni.

Kaka alianza hivi. Anakula, ghafla mkono unabaki hewani na tonge, macho yamekaza ukutani, midomo inachapachapa kama anaonja chumvi, na mkono wa kushoto unachezea kifungo cha shati. Ukimwita haitiki. Dakika mbili hivi anarudi, anasema alisikia harufu ya mpira unaoungua. Sisi tulikuwa tunacheka, tunamwita bwana mawazo.

Baadaye akaanza kuanguka kabisa. Akianguka mara tatu au nne mfululizo, anatulia siku moja, halafu anakuwa mtu mwingine: anaongea na malaika, anamfukuza mama na fimbo. Mashetani, wakasema ndugu. Mganga alikula mbuzi wawili. Hospitali ya kwanza wakaandika ugonjwa wa akili, wakampa klopromazini. Hakuna aliyeuliza habari za kifungo cha shati. Dawa hiyo inaweza kumzidishia kuanguka mwenye kifafa, na ndivyo ilivyokuwa.

Aliyetuokoa ni daktari kijana aliyeuliza, "Kabla hajachanganyikiwa huwa anafanyaje?" Nikamwigizia ule mkono. Hakuningoja nimalize, akaandika CT scan. Kwenye filamu kulikuwa na vidoa vyeupe kama punje za mtama, na kimoja upande wa kushoto, usawa wa sikio, kilikuwa kiduara chenye nukta katikati. Ile nukta ni kichwa cha mnyoo. Tegu wa nguruwe, akasema.

Mama akaja juu: sisi Wasabato, kitimoto tunaisikia kwa jirani! Hapa ndipo wengi tunapokosea. Ukila nyama ya nguruwe yenye malengelenge isiyoiva, unapata tegu wa tumboni. Wa kichwani unampata kwa kumeza mayai yanayotoka kwenye kinyesi cha mtu mwenye tegu huyo, kwa maji, mchicha au mikono. Kwa hiyo mla kitimoto ni jirani, kichwa kinachoumia ni chako. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba sehemu nyingi ambako nguruwe huzurura karibu na watu, karibu asilimia 30 ya kifafa hutokana na mnyoo huyu.

Tafadhali usikimbilie duka la dawa kununua albendazole, dawa ya minyoo. Mnyoo akifia kichwani, ubongo huvimba, ndiyo maana kaka alilazwa na kupewa dawa za kuzuia uvimbe kwanza. Vile vidoa vyeupe ni minyoo iliyokwisha kufa na kugeuka chokaa, havihitaji dawa ya minyoo, ila makovu yake bado yanaweza kuleta kuanguka. Ndiyo maana anameza kabamazepini, dawa ya kifafa, mpaka leo. Malaika hawajarudi. Baiskeli nimemkataza.

Sasa kwa mdogo wako. Hadithi yako inafanana zaidi na skizofrenia, ugonjwa wa akili unaomfanya mtu asikie sauti zisizokuwepo, na huo hauna doa la kuonyeshwa kwenye filamu. Ni kweli mwaka 1976 watafiti wa Northwick Park, London, waliwapiga CT scan wagonjwa 17 wa skizofrenia waliokaa hospitalini muda mrefu, wakakuta vyumba vya maji ndani ya ubongo wao ni vikubwa kuliko vya watu wazima wasio na ugonjwa huo. Lakini huo ni wastani wa kundi. Mgonjwa mmoja mmoja anaweza kuwa na picha safi kabisa, na mzima akawa na vyumba vikubwa. Anayekuahidi kuiona skizofrenia kwenye picha anataka ng'ombe wako tu. Na picha ikirudi safi, chonde chonde, nyumbani wasije wakasema anajifanyisha.

Picha ina maana kama ameshawahi kuanguka au kuduwaa, kichwa kinamuuma mpaka anatapika, upande mmoja wa mwili umelegea, aliumia kichwa, au alibadilika ghafla ndani ya siku chache. Akiwa na homa juu yake, usingoje kesho. Vipimo vya damu vya VVU na kaswende ni bei ndogo kuliko picha na vyote viwili huweza kuvuruga akili, anzeni navyo.

Mchukue video kwa simu akiwa kwenye hali hiyo, mrudishe kliniki, waeleze kwa nini aliacha dawa. Wa kwetu mmoja aliziacha kwa sababu zilimkakamaza shingo, akabadilishiwa.

Halafu rudi hapa unijibu: ameshawahi kuganda na tonge mkononi?