Akichanganyikiwa ghafla na ana homa, apimwe ubongo pia

Watu wengi wanaosikia sauti au kuona visivyokuwepo hawana ubongo uliovimba. Nalisema hili mapema nisije nikamtuma mtu akauze shamba kwa ajili ya vipimo ambavyo ndugu yake havihitaji. Ninaowasemea ni wale wachache wanaobadilika ghafla: juzi alikuwa dukani anapiga hesabu zake sawasawa, leo anadai majirani wanamtilia sumu kwenye maji.

Mdogo wangu alikuwa mmoja wao. Ilianza homa na kichwa kuuma, akapimwa malaria, hana. Kisha usingizi ukakata. Akawa anaongea usiku kucha, anacheka peke yake, na kumwita mama yetu "yule mwanamke". Sisi watu wa Tanga maneno hayakukawia: katupiwa jini. Aliyetushangaza ni ustadhi tuliyemwita. Alisoma, akamshika paji la uso, akasema, "Mtoto anachemka huyu. Mpelekeni hospitali, kisomo nitamfuata nacho huko huko."

Hospitali ya kwanza akachomwa sindano ya kutuliza, tukarudishwa nyumbani. Usiku ule alikakamaa mwili mzima na homa ikapanda. Baadaye tulielezwa kuwa mwenye ubongo uliovimba anaweza kudhuriwa vibaya na baadhi ya dawa za saikosisi, yaani zile za kutuliza wazimu. Ukiona mgonjwa wako amekakamaa hivyo, mrudishe saa hiyo hiyo, usingoje tarehe ya kliniki.

Ugonjwa wake, ambapo kinga ya mwili hushambulia ubongo (kwa Kiingereza anti-NMDA receptor encephalitis), ulielezwa kwa kina mwaka 2007 na Daktari Josep Dalmau na wenzake, akiwa Chuo Kikuu cha Pennsylvania, Marekani. Walikuwa na wagonjwa 12, wote wanawake, na karibu wote walikuwa na teratoma kwenye ovari. Huo ni uvimbe unaoweza kuwa na nywele, meno, hata tishu za neva ndani yake. Kinga ya mwili ikiushambulia, kingamwili zile zile, yaani protini za kinga, hugeukia ubongo na kupunguza vipokezi vya NMDA, ambavyo hupokea ujumbe kwenye seli za neva. Vipokezi hivyo ndivyo vinavyozibwa na ketamini, na aliyewahi kuzinduka kutoka kwenye nusu kaputi ya ketamini anayajua maluweluwe yake. Wanaume na watoto wanaupata pia, na wengi hawana uvimbe wowote. Na si ugonjwa huu tu: virusi vya herpesi, VVU na kaswende iliyofika kwenye ubongo vyote vinaweza kuanza kwa sura ya wazimu.

Kilichotusaidia kuliko yote ni simu. Mdomo wa mdogo wangu ulikuwa unatafuna na hana kitu kinywani, midomo inajikunja, ulimi unatoka. Mama alidhani analeta uradi. Binamu yetu akamrekodi, na daktari wa neva alipoitazama ile video aliirudia, akauliza: amewahi kupata degedege? Alikuwa amepata, alfajiri moja, na kule mwanzo hakuna aliyetuuliza. Kwa hiyo rekodini, tena andikeni: homa ilianza lini, usingizi ulikata lini, ameacha kuongea lini. Mgonjwa mwenyewe hawezi kusimulia.

Halafu kuna sindano ya mgongo, ambayo ndugu huikataa kwa kusikia kuwa inapoozesha. Sindano huingizwa chini ya pale kamba ya neva iliyo ndani ya uti wa mgongo inapokoma. Mara nyingi kinachomsumbua ni kichwa kuuma siku chache. Maji yanayotolewa ndiyo yanayoonyesha kama kuna maambukizi au kingamwili. Picha ya MRI inaweza kutoka safi kabisa na ugonjwa upo, msije mkaridhika nayo. Ulizeni pia kipimo cha umeme wa ubongo, na kwa mwanamke utrasaundi ya ovari. Kipimo cha kingamwili huchelewa, maana aghalabu sampuli husafirishwa mbali, lakini dalili zikikusanyika daktari anaweza kuanza steroidi, dawa za kutuliza kinga, kabla ya majibu. Pale zisipotosha kuna imunoglobulini (kingamwili za watu wengine zinazotiwa kwa dripu) na kuchujwa damu ili kuondoa kingamwili zinazodhuru, na hapo ndipo bili inapouma kweli. Uvimbe ukipatikana hukatwa.

Utafiti uliotoka mwaka 2013, uliofuatilia wagonjwa 577, ulionyesha kuwa kati ya waliofuatiliwa hadi miezi 24, takriban asilimia 81 walikuwa na hali nzuri, na waliotibiwa mapema walipona vizuri zaidi. Kupona kwenyewe ni kwa taratibu. Mdogo wangu alirudi kuongea mapema, lakini kusahau na hasira za ghafla vilibaki muda mrefu, na hapo ndipo jirani wanaanza, "si mlisema kapona?" Ugonjwa unaweza kurudi. Kwa hiyo siku hizi akikosa usingizi mfululizo hatusubiri aanze kuongea peke yake, tunampigia daktari wa neva.