Aliyehojiwa katika filamu ya makala, je, ameigiza?

SWALI: Ninatafsiri orodha ya majina inayopita mwishoni mwa filamu ya makala. Mbele ya kila aliyehojiwa nimeandika «kama yeye mwenyewe», lakini mwenzangu anapendekeza «ameigiza yeye mwenyewe». Ipi ni sahihi?

JIBU: Ndugu msomaji, kwa filamu ya makala siikubali hata moja. Kitenzi «kuigiza» kimetokana na «kuiga», na kuiga hudai pande mbili, anayeiga na anayeigwa. Mtu aliyeketi mbele ya kamera akaeleza aliyoyashuhudia hakumwiga yeyote. Nayo «kama» humpeleka msikilizaji kwenye mfanano, hata ukisema fulani ametokea kama yeye mwenyewe, unaacha shaka kwamba huenda siye.

Filamu tatu zinazomhusu bondia Muhammad Ali zinaonyesha vizuri mipaka ya maneno haya. Katika Ali ya mwaka 2001, Will Smith ameigiza Muhammad Ali, wala hapo hapana utata. Katika The Greatest ya mwaka 1977, Ali alifuata skripti na kurudia mbele ya kamera matukio ya maisha yake, kwa hiyo kuigiza kupo kweli, na inafaa kuandika «ameigiza nafasi yake mwenyewe» au, kwa ufupi, «amejiigiza». «Ameigiza yeye mwenyewe» ningeiepuka hata hapo, kwa sababu wengi wataelewa kwamba hakuwekewa mtu wa kumbadili kwenye ngumi. («Amejifanya Muhammad Ali» ndiyo kabisa, maana hilo ni shauri la polisi.)

When We Were Kings ya mwaka 1996, iliyopata tuzo ya Oscar mwaka uliofuata, ni filamu ya makala kuhusu pambano la Kinshasa la tarehe 30 Oktoba 1974, Ali alipomwangusha George Foreman katika raundi ya nane. Humo Ali anafanya mazoezi, anatamba na kupigana bila kuigiza, ingawa wanaozijua tambo zake huenda wakanibishia. Kitenzi kinachomstahili ni «kuonekana» au «kutokea». Waandishi Norman Mailer na George Plimpton, walioshuhudia pambano hilo na kulisimulia mbele ya kamera miaka mingi baadaye, ni wahojiwa.

Kwa hiyo badala ya kichwa «Waigizaji» andika «Wanaoonekana katika picha za maktaba» na «Waliohojiwa», kisha mbele ya jina weka kazi ya mtu: «Norman Mailer, mwandishi». Hiyo humfaa mtazamaji kuliko «mwenyewe», ambayo haimwambii lolote. Ikiwa aliyekupa kazi anashikilia kwamba nafasi ile ijazwe, andika «yeye mwenyewe» kwa mmoja, awe mwanamume au mwanamke, na «wao wenyewe» kwa kikundi. Usiiache «mwenyewe» peke yake, kwa kuwa hutumiwa pia kwa mwenye mali, kama mtu anapoambiwa dukani kwamba mwenyewe hayupo.