Naigiza mwenyewe, kamera mwenyewe, sura haitoki!

SWALI: Kaka shikamoo. Mimi nipo Tanga, nashuti filamu fupi, stori yangu, naigiza mimi na kamera nasetia mimi. Nikija kuangalia kwenye laptop ukuta wa nyuma unaonekana mpaka nyufa ila mimi ndo ukungu mtupu, halafu usiku sebuleni kuna mistari inapanda panda kwenye picha. Washkaji wanasema nichague kimoja, uigizaji au kamera. Nichague?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Usichague kwanza. Kuna Mmarekani anaitwa Shane Carruth, filamu yake ya Upstream Color ya 2013 kaandika, kaongoza, kaigiza, kapiga picha na mpaka muziki katunga yeye, na kamera ilikuwa Panasonic GH2, kidude kidogo tu kama cha wapiga picha wa harusi.

Shida yako najua ilipo, unabonyeza rekodi ukiwa nyuma ya kamera, mbele hamna mtu, sasa fokasi (ule ukali wa picha) ya otomatiki ifanyeje, inashika ukuta! Zima hiyo otomatiki. Chukua fagio, livalishe shati, lisimamishe pale utakaposimama wewe, vuta fokasi kwenye shati, bandika tepu sakafuni halafu usiivuke hata kama hisia zimepanda. Mchana nje ni rahisi zaidi, kwenye kamera za sensa ya APS-C (kile kipande kinachonasa picha, saizi ya kati) lenzi ya mm 24 ukiiweka f/8, yaani tundu la lenzi dogo linalopitisha mwanga kidogo, na fokasi mita 4 hivi, kuanzia kama mita 2 mpaka kule mbali kote kunatoka safi, unatembea unavyotaka. Ndani usiku f/8 sahau, mwanga hautoshi.

Hiyo mistari ni taa. Umeme wetu ni wa 50Hz, yaani mawimbi 50 kwa sekunde, na kila wimbi taa inapwesa mara mbili, kwa hiyo taa nyingi zinapwesa mara 100 kwa sekunde hata kama jicho halioni, we weka fremu 25 (picha 25 kwa sekunde) na shata, ule muda kila picha inapokea mwanga, 1/50 ya sekunde uone kama haijatulia. Rangi na mwanga navyo vifunge kwenye kamera, visijibadilishe wewe ukiwa katikati ya kulia.

Na kaza stendi jamani! Mimi nilishawahi kuigiza siku nzima, machozi ya kweli kabisa, kumbe kichwa cha stendi kinashuka taratibu, jioni nakuta nimeshuti shingo na kifua. Tangu siku hiyo kila baada ya teki naenda kuangalia, inachosha ila naenda.

Hao washkaji kuna sehemu wako sahihi lakini. Kamera ikiwa imetulia unaweza kuwa pande zote mbili, ila sini ya kukimbizana au ya kamera kukufuata, hapo mpe hata mtoto wa jirani aishike, mfanye mazoezi mara kumi na lile fagio akiwa analibeba mwingine, ndo uingie wewe.