Pesa Ina Siku Yake: Kwa Anayeanza Biashara ya Kukopesha Nairobi

Kila mwaka, hasa baada ya mahafali ya vyuo vikuu, mimi hutembelewa na vijana kadhaa katika ofisi yangu ndogo karibu na River Road, na karibu wote huja na swali moja: kampuni ya kukopesha huanzishwa kwa mtaji wa shilingi ngapi? Swali hilo ni halali, ila silijibu kwanza. Mimi huwauliza pesa hizo watazipata kwa nani, na mwenyewe atazitaka lini. Sehemu ya kwanza huwa wana jibu lake. Ya pili huwanyamazisha, nayo ndiyo iliyokaribia kunifilisi.

Nilianza kama mweka hazina wa chama cha majirani huko Kariobangi, nikawa afisa wa mikopo kwa miaka sita katika kampuni ya mtu, kisha nikafungua yangu. Mwaka wa tatu mjomba wangu alistaafu, akaniachia shilingi 600,000 nizizungushe kwa miezi mitatu mitatu, nami nikawakopesha wenye maduka wanunue majokofu, wakilipa kwa mwaka mzima. Kwa mwaka mmoja na nusu mambo yalienda vizuri, kwa sababu kila miezi mitatu ilipokwisha mjomba alikuwa akisema endelea nazo. Kisha ikaja Januari, mwezi ambao Wakenya wameubatiza Njaanuari, akazihitaji zote kwa karo, tena katika wiki ile ile ambayo wateja wangu nao walikuwa wakilipa karo na si marejesho. Daftari langu lilionyesha faida. Pesa taslimu zilikuwa ndani ya majokofu ya watu. Niliuza kiwanja changu cha Kitengela kwa bei ya kutupa ili nimlipe, na sikuwa na haki ya kumlaumu, kwani alidai chake siku tuliyokubaliana. Ndipo wakili wangu aliponieleza kwamba lau ningalikusanya pesa za majirani kwa mtindo huo, ningalikuwa nachukua amana za umma bila leseni ya Benki Kuu, jambo ambalo Sheria ya Mikopo Midogo ya 2006 inalikataza.

Anayetaka mfano mkubwa kuliko wangu aangalie historia ya benki ya Equity. Ilianzishwa mwaka 1984 kama chama cha kukopesha wanaojenga nyumba, na kufikia 1993 ilikuwa imetangazwa kuwa imefilisika kihesabu. James Mwangi, mhasibu aliyezaliwa Kangema katika Murang'a, akalelewa na mama yake na kusomea Chuo Kikuu cha Nairobi, alijiunga nayo katika kipindi hicho kigumu. Mwaka 2004 ikawa benki kamili, 2006 ikaingia Soko la Hisa la Nairobi, na 2012 Mwangi akapewa tuzo ya dunia ya mjasiriamali bora inayotolewa na Ernst & Young. Vijana hupenda kunisimulia ile tuzo. Mimi huwaelekeza kwenye miaka iliyotangulia, taasisi ilipoacha mikopo mirefu ya nyumba na kugeukia mikopo midogo ya wachuuzi na wakulima. Mwekaji akiba mdogo, ambaye pesa zake ndizo zinazokopeshwa, anaweza kuja dirishani kesho asubuhi kuchukua chake, ilhali nyumba hulipwa kwa miaka mingi. Tofauti ya siku hizo mbili ni ile ile iliyokula kiwanja changu, ila kwa kiwango kikubwa zaidi.

Ukishajua siku ya mwenye pesa, jifunze siku ya mkopaji, na hilo halifundishwi darasani. Muuza mitumba wa soko la Gikomba hufungua belo, yaani robota la nguo, alfajiri. Nguo nzuri kabisa, zile ziitwazo kamera, huchukuliwa na wenye maduka kabla jua halijapanda, na sehemu kubwa ya pesa ya belo huingia siku hiyo na inayofuata. Baada ya hapo bei hushuka kila siku, mpaka anabaki na fagia, yaani nguo duni za mwisho, anazozipigia kelele jioni. Ukimwekea rejesho la kila mwisho wa mwezi kama mwalimu mwenye mshahara, utamkuta ameshika fagia na pesa zote zimerudi kwenye belo jipya. Utamwita mteja sugu, kumbe kosa ni la kalenda yako. Mama mboga anayenunua katika soko la Marikiti kabla ya mapambazuko huzungusha pesa yake kwa siku moja, hivyo shilingi 200 za kila jioni hazimuumizi, lakini 6,000 za mkupuo humtoa jasho. Kinyozi hupata wikendi. Nilipoanza kuuliza kila mwombaji pesa yake huingia siku gani, na kuipanga ratiba ya malipo siku moja baada ya hiyo, ucheleweshaji ulipungua kuliko wakati wowote nilipotuma vitisho. Vitisho vyenyewe, pamoja na ile tabia ya kupigia simu watu ambao namba zao zimo kwenye simu ya mkopaji ili kumwaibisha, vimekatazwa kwa wakopeshaji wa kidijitali na kanuni za Benki Kuu za 2022, na Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inakuhusu hata kama unatumia daftari la karatasi.

Jihadhari pia na ukuaji. Tuseme una mikopo 100 ya kiasi sawa na 8 imechelewa zaidi ya siku 30; hiyo ni asilimia 8, na mwekezaji atakukunjia uso. Ukitoa mikopo mingine 100 mwezi huu, hakuna hata mmoja kati yake ambao umepata muda wa kuchelewa siku 30, kwa hiyo ripoti itasoma 8 kati ya 200, yaani asilimia 4. Hakuna kilichoboreka, ila mwekezaji ataongeza pesa. Nimeona wenzangu wakiendesha kampuni hivyo kwa miaka, wakikimbia mbele ya madeni yao wenyewe, na siku mtaji mpya ulipokosekana ile asilimia ikapanda kwa wiki chache. Panga mikopo yako kwa mwezi uliotolewa, uufuatilie kila mwezi peke yake mpaka mikopo yake yote iishe.

Kuhusu riba nitasema machache. Ukimkopesha mtu shilingi 12,000 kwa riba ya asilimia 10 inayohesabiwa kwenye mkopo wote wa mwanzo hata anapoendelea kuulipa, akalipa 1,100 kila mwezi kwa miezi 12, kwa hesabu ya salio linalopungua riba hiyo inakaribia asilimia 18 kwa mwaka. Mwambie hivyo kabla hajatia sahihi. Atajua tu, na afadhali aijue kwako.

Mali bila daftari hupotea bila habari, walisema wazee, lakini daftari nalo linaweza kukudanganya. Niliwahi kuwa na afisa wa mikopo ambaye wateja wake hawakuchelewa hata siku moja, na nilikuwa karibu kumpandisha cheo. Jioni moja nilikuwa napitia taarifa ya M-Pesa nikitafuta kitu kingine kabisa, nikaona wateja wake tisa, wa mitaa tofauti na biashara tofauti, wamelipa kwa mfuatano ndani ya dakika nne. Nikafungua Ijumaa iliyotangulia, ikawa vivyo hivyo, na ile ya kabla yake. Wateja hao hawakuwako. Zilikuwa laini za simu na vitambulisho vya jamaa zake, na kila mkopo mpya ulilipa wa zamani. Hesabu zake zilikuwa sahihi hadi senti. Tangu hapo, asubuhi huanza kwa kufungua ripoti ya saa za malipo kabla ya ile ya kiasi kilicholipwa, na kila robo mwaka huchagua majina ishirini bila kumwambia mtu, nikapanda matatu kwenda kuyatafuta kwenye vibanda vyao.