Kabla ya Siku ya Vodiondry, Ulizia Cheti

Wiki iliyopita msomaji wangu wa Mombasa aliniandikia. Amechumbiwa na kijana wa Madagaska, Mmerina wa Antananarivo, yaani wa kabila la nyanda za juu, na nyumbani wanamtuliza: usihofu, kule mwanamke ni malkia. Akaniuliza, "Dada, wewe umeishi huko, ni kweli?"

Mdogo wangu, ni kweli. Ranavalona wa Kwanza alishika ufalme mwaka 1828, na ukitoa miaka michache ya mwanawe Radama wa Pili, wanawake ndio waliokalia kiti kile mpaka Wafaransa walipomng'oa Ranavalona wa Tatu mwaka 1897 na kumpeleka uhamishoni. Utasimuliwa habari zao kwa fahari. Ila ulizia na habari za Rainilaiarivony, waziri mkuu aliyewaoa malkia watatu wa mwisho, mmoja baada ya mwingine, na ambaye mambo makubwa ya nchi yalipita mikononi mwake. Taji walivaa wao. Kumbuka hilo unaposoma yaliyonipata.

Mimi niliolewa na mtu wa Antsirabe, mji wa nyanda za juu, aliyehamia Mahajanga pwani kwa biashara, tukafungua duka la vitambaa mtaa wa Mahabibo. Nilitoka Tanga na kanga zangu, nikakuta wenzangu wana lambahoany, kitambaa chenye methali iliyoandikwa chini kama kanga yetu, na nyuso wamezipaka masonjoany kama bibi zetu walivyojipaka liwa. Nilijiona niko kwetu. Pesa ya nyumba nilishika mimi, wala sikuipigania. Kule ni kawaida mume kumkabidhi mkewe mapato. Kupatana bei, kumdai mdeni, kumkatalia mtu usoni, hizo zote zilikuwa kazi zangu, kwa kuwa kwao nyanda za juu mwanamume wa heshima hapendi kutoa maneno makavu hadharani. Hayo wanaachiwa wanawake. Duka likakua, tukanunua nyumba. Nasema bila kuficha kwamba lilikua kwa ulimi wangu na daftari langu.

Lakini tazama nani anasimama kutoa kabary, ile hotuba ya mafumbo na methali inayofungua harusi na mazishi. Mara nyingi ni wanaume. Siku yangu ya vodiondry, yaani ndoa ya kimila, wazee wa pande mbili walizungumza juu yangu kwa saa nyingi, na mimi nimekaa kimya nimepambwa. Zamani wazazi wa binti waliletewa sehemu ya nyuma ya kondoo. Siku hizi ni bahasha ya pesa na zawadi. Ikishapokelewa, ukoo mzima unakuhesabu umeolewa. Serikali bado. Inasubiri muandikishwe kwenye kaominina, yaani manispaa. Baba yangu, Mungu amrehemu, alikataa katakata nihamie kwa mume kabla ya kaominina. Wakwe walinuna muda mrefu.

Mume wangu alipofariki tulimpeleka Antsirabe, kwenye kaburi la ukoo. Hatukujaaliwa watoto. Msiba haujaisha, shemeji zangu wakaniita na hesabu wameshaipiga: fungu moja langu, mawili ya ukoo. Ndiyo desturi ya zamani ya Wamerina ya kugawa mali ya ndoa mafungu matatu, mawili ya mume. Watu waliolala kwangu kila waliposhuka pwani, mmoja wao nilimlipia mwanawe ada, walinitazama machoni wakaniambia mimi ni mgeni. Inaniuma mpaka leo, na sitajifanya imepita.

Desturi yao inayo ngao ya mke aliyekosewa: anarudi kwa wazazi wake, na mume ndiye anayemfuata na zawadi na maneno ya kuomba radhi. Nimeona wanawake wengi wakipata haki zao hivyo, bila mahakama. Ila mimi na wewe wazazi wetu wako ng'ambo ya bahari. Ukisusa, unasusia wapi?

Kilichoniokoa ni cheti cha ndoa. Sheria ya ndoa namba 2007-022, ya mwaka 2007, iliweka kwamba mali iliyochumwa ndani ya ndoa ni nusu kwa nusu, isipokuwa wanandoa wameandikiana mkataba mwingine. Nikaweka cheti mezani na stakabadhi zenye jina langu, na nusu ikabaki yangu. Nusu ya marehemu ilikwenda kwao, maana sheria ya urithi ya 1968 imemweka mjane nafasi ya nane. Ya nane, mdogo wangu, nyuma ya watu ambao wengine hata dukani kwetu hawakuwahi kukanyaga.

Aliyesimama nami ni wifi mmoja tu. Yeye aliolewa na Mngazija, na watoto wake walihesabiwa wageni katika mji waliozaliwa, mpaka sheria ilipobadilishwa Januari 2017 na mama Mmalagasi akapata haki sawa na baba ya kumrithisha mwanawe uraia. Anajua karatasi ina uzito gani.

Basi tuambiane ukweli sisi tunaotaka kuwa na chetu. Ukisifiwa umalkia, shukuru, halafu ulizia cheti. Ukikabidhiwa pesa za nyumba, zishike, halafu andika stakabadhi kwa jina lako. Gisèle Rabesahala aliwapigania wafungwa wa uasi wa 1947 dhidi ya Wafaransa, akaja kuwa mwanamke wa kwanza kuwa waziri Madagaska, mwaka 1977. Hakukaa kimya akisubiri wazee wamalize kumzungumzia. Na wewe usikae.

Muulize mchumba wako siku ya kaominina ni lini. Akisema itafuata baadaye, vodiondry nayo ingoje. Nenda na kaka yako anayejua kusema, ajibu kabary ya upande wao na alitaje jambo hilo mbele ya wazee wote wakisikia. Na cheti chako cha kuzaliwa anza kukitafuta kesho asubuhi.